Namna ya Kucheza Besiboli Ukiwa na Mbao Miguuni

Kabla ya gongo, kabla ya timu, tafuta mbao mbili. Ziwe na urefu wa kutoka chini ya goti hadi juu ya kifundo cha mguu. Zichonge zikae sawasawa kwenye miundi, kisha uzifunge kwa nguvu ili zisicheze hata ukikimbia. Huu ni mwongozo wa mtu Mweusi anayetaka kuishi kwa besiboli nchini Marekani kuanzia mwaka 1878: kwanza kama mchezaji wa kulipwa, halafu kama meneja wa timu aliyoiunda mwenyewe. Ukiusoma utadhani unafanyiwa mzaha, maana mashauri mengi yaliyomo humu hayaingii akilini. Lakini yote yalitekelezwa na mtu mmoja, Bud Fowler, na mbao hizo alizivaa kweli.

Nampenda mtu huyu, tena sana. Nasema mapema ili msomaji asishangae nikipandisha sauti huko mbele.

Kulia Cooperstown

Fowler alizaliwa Fort Plain, jimbo la New York, tarehe 16 Machi 1858, akapewa jina la John W. Jackson. Wazazi wake walihamia Cooperstown angali mdogo, na baba yake alikuwa kinyozi. Ukiweza kuchagua, nawe kulia hapo, kwa sababu ndiko wapenzi wa besiboli huenda kuhiji. Mwaka 1907 tume moja ilitangaza kwamba mchezo huo ulibuniwa katika mji huo mwaka 1839 na Abner Doubleday, mtu ambaye baadaye alikuja kuwa jenerali. Wanahistoria walipochimba hawakuambulia kitu: mwaka huo Doubleday alikuwa mwanafunzi katika chuo cha kijeshi cha West Point. Hata hivyo hadithi ilitosha kujengea Jumba la Mashujaa wa besiboli, ambalo lilifunguliwa Cooperstown mwaka 1939. Jenerali ambaye hakuubuni mchezo akapewa uwanja wenye jina lake, na kijana wa mji, aliyetoka pale akaenda kuucheza kwa mshahara, akasubiri nje.

Ukishakua, badili jina. Jackson alijiita Fowler. Na kwa kuwa alikuwa na mazoea ya kumwita kila mtu “Bud”, watu nao wakamrudishia jina hilo hilo, likamganda.

Anza kwa kuwashinda mabingwa

Timu ya besiboli ina watu tisa uwanjani. Mrushaji husimama katikati na kumrushia mpira mpigaji mwenye gongo. Mpigaji akiupiga ukaenda mbali, hukimbia kutoka kituo kimoja hadi kingine, na akizunguka vyote akarudi nyumbani timu yake imepata mkimbio. Jifunze nafasi zote tisa. Mchezaji Mweusi wa wakati ule hakuajiriwa kwa sababu klabu ilimhitaji mtu wa nafasi fulani. Aliajiriwa pale klabu ilipokuwa na shida, na shida haisemi itatokea wapi. Fowler alirusha, alidaka, alilinda vituo, alikimbiza mipira ya mbali.

Tarehe 24 Aprili 1878, akiwa na umri wa miaka 20, aliirushia timu ya Chelsea, Massachusetts, katika mechi ya kirafiki dhidi ya Boston. Boston walikuwa mabingwa wa Ligi ya Taifa, ligi kuu ya wakati huo. Meneja wao alikuwa Harry Wright, mzaliwa wa Sheffield nchini Uingereza, mcheza kriketi wa zamani ambaye mwaka 1869 aliiongoza Cincinnati Red Stockings, timu ya kwanza kulipa wachezaji wake wote hadharani bila kujificha. Chelsea wakashinda 2–1. Mwezi uliofuata Fowler alikuwa Lynn, katika jimbo hilo hilo, akiichezea timu ya Live Oaks, na hapo akawa mtu Mweusi wa kwanza anayejulikana kulipwa kwa kucheza besiboli na timu ya Wazungu.

Katika hali ya kawaida, kijana wa miaka 20 anayewafunga mabingwa huitwa na mabingwa. Hakuitwa, wala hakuwahi kucheza hata mechi moja ya ligi kuu maishani mwake.

Beba wembe

Jifunze kazi nyingine, na iwe kazi ya kubeba mkononi. Fowler alirithi ya baba yake, unyozi, na alipofika mji mpya aliweza kunyoa watu msimu ulipofungwa au klabu ilipokufa. Klabu zilikufa mara nyingi. Mwaka 1885 alijiunga na Keokuk, Iowa, akapendwa na mji mzima, na ligi ikavunjika katikati ya msimu.

Zoea kufungasha. Mwaka 1881 alikwenda Guelph, Ontario, upande wa Kanada, lakini wachezaji waliokuwapo wakamkataa. Mwaka 1884 alikuwa Stillwater, Minnesota, na timu iliyoanza msimu kwa kufungwa mfululizo. Mwaka 1886 alikuwa Topeka, Kansas. Baadaye utamkuta Santa Fe, utamkuta Nebraska, utamkuta Findlay, Ohio. Ukiziweka safari zake kwenye ramani utaona mtu anayezunguka nyumba moja kubwa akijaribu kila mlango. Mara nyingi alifukuzwa akiwa mmoja wa wachezaji bora wa timu, na sababu ilijulikana kwa wote. Gazeti la Sporting Life liliandika waziwazi mwaka 1885 kwamba kama uso wake ungekuwa mweupe angekuwa anacheza na walio bora kabisa. Waandishi walijua, wenye klabu walijua, mashabiki walijua. Kila mtu aliliona kosa, na mwenye uwezo wa kulirekebisha hakujitokeza.

Sasa, zile mbao

Baada ya miaka ya kurusha, Fowler alihamia kituo cha pili. Tuelewane hapa, maana bila kuielewa kazi hii huwezi kujua alichovumilia. Mkimbiaji anatoka kituo cha kwanza kuiba kituo cha pili. Mdakaji anaurusha mpira kwa nguvu, mlinzi wa kituo cha pili anaukamata na kumgusa mkimbiaji kabla hajafika. Ina maana mlinzi anasimama palepale anapolenga mkimbiaji, macho yake yakiwa kwenye mpira, miguu yake ikiwa wazi. Mkimbiaji anakuja akiserereka chini, na viatu vyake vina meno ya chuma.

Mlinzi Mzungu alikuwa akipishwa kidogo. Mlinzi Mweusi alilengwa. Mwaka 1889 mchezaji mmoja wa Ligi ya Kimataifa alilieleza gazeti kwamba Fowler alilazimika kuikinga sehemu ya chini ya miguu yake kwa mbao, kwa sababu karibu kila mkimbiaji aliyekwenda kituo cha pili alitaka kumchoma. Miaka miwili baadaye Ned Williamson, nyota wa Chicago, alisimulia jambo lilo hilo na kuongeza kwamba mtindo wa kuserereka kwa kutanguliza miguu ulitokana na juhudi za kumlemaza mlinzi Mweusi wa kituo cha pili. Iwe ndivyo ulivyoanza au sivyo, mwanamichezo mashuhuri aliona ni jambo la kusimuliwa barazani.

Kwa hiyo vaa mbao. Frank Grant, Mweusi mwenzake aliyelinda kituo hicho hicho Buffalo, naye alizihitaji. Usitegemee kwamba zitakaa zima, maana meno ya chuma hupasua mbao pia. Usilalamike kwa mwamuzi. Na ukishaumizwa, simama upige mpira, kwa kuwa hilo ndilo jibu pekee litakaloingia kwenye takwimu. Huko Topeka aliongoza ligi kwa mapigo ya kufikia kituo cha tatu. Mtu aliyejaribiwa kuvunjwa miguu ndiye aliyewashinda wote kwa pigo linalodai mbio ndefu zaidi, ukiacha la kuzunguka uwanja mzima. Nimelirudia jambo hili mara nyingi kwa marafiki zangu na bado linanisisimua.

Jihadhari na telegramu

Mbao hukinga miguu tu. Mwaka 1887 Fowler alikuwa Binghamton, New York, katika Ligi ya Kimataifa, ligi ya daraja la juu kabisa chini ya ligi kuu. Wastani wake wa kupiga ulikuwa 0.350. Kwa lugha ya mpira wa miguu, huyo ni mshambuliaji anayefunga karibu kila wiki. Wachezaji wenzake, watu aliovaa nao sare moja, waliwatumia wakurugenzi wa klabu telegramu wakisema hawatacheza kama Fowler na Mweusi mwingine wa timu hiyo, mrushaji Renfro, hawataondolewa. Klabu ilimwachilia Fowler kwa sharti kwamba asisaini na timu nyingine yoyote ya ligi hiyo. Wale wachezaji walitozwa faini kwa ukaidi wao, lakini walichokitaka walikuwa wameshakipata.

Halafu ikaja tarehe 14 Julai 1887. Wasomaji wa historia ya besiboli huikumbuka kwa sababu siku hiyo timu ya Chicago, iliyoongozwa na Cap Anson, mchezaji na meneja mwenye jina kubwa kuliko wote wa zama hizo, ilikuwa Newark kwa mechi ya kirafiki, na mrushaji Mweusi George Stovey hakutokea uwanjani, kwa kuwa Anson hakuwa tayari kucheza na Weusi. Siku hiyo hiyo wakurugenzi wa Ligi ya Kimataifa walikutana Buffalo wakapiga kura: mikataba mipya ya wachezaji Weusi isiidhinishwe tena. Kura zilikuwa 6 kwa 4. Klabu sita zisizokuwa na Mweusi zilizishinda klabu nne zilizokuwa naye. Binghamton, ikiwa imeshamtoa Fowler, ilikuwa upande wa wale sita.

Hapa ndipo mwongozo wowote wa haki unapokwama, na hapa ndipo nataka msomaji akae kidogo. Katika ligi kuu ukuta huu haukuandikwa mahali popote kama kanuni. Ulijengwa na kiatu kilicholenga muundi, telegramu ya wachezaji wachache, meneja mkubwa aliyenuna, na wakurugenzi waliotaka mambo yaishe kimya. Hakuna hata mmoja kati yao aliyejiona mjenzi. Ukuta wa namna hiyo hauna karatasi ya kuchanwa wala ofisi ya kupelekea rufaa, na ulisimama hadi mchezaji Mweusi Jackie Robinson alipousukuma. Mwaka 1946 Robinson aliingia kwanza kupitia timu ya Montreal, katika Ligi ya Kimataifa, akacheza kituo cha pili. Ligi yenye jina lile lile, nafasi ile ile, miaka 59 baadaye.

Wengine walijaribu kupita kwa kubadili asili. Mwaka 1901 John McGraw, naye mchezaji na meneja, alitaka kumwingiza Charlie Grant katika timu ya Baltimore kwa kumtangaza kuwa Mwenyeji wa Marekani wa kabila la Cherokee mwenye jina la Tokohama. Ujanja huo uligunduliwa na mpango ukafa. Fowler hakuwa na njia hiyo. Mwaka 1895 alimwambia mwandishi wa habari kwamba ngozi yake ndiyo inayompinga. Angekuwa mweupe kidogo zaidi, labda angepenya kama Mhispania. Alilisema kama mtu anayetaja hali ya hewa, na mimi siwezi kulisoma kwa utulivu huo.

Kuwa meneja, ili usifukuzwe na mtu

Sasa tufike kwenye sehemu ninayoipenda kuliko zote. Mtu anayefukuzwa kila mahali ana jambo moja la kufanya lenye maana: aunde mahali pake. Mwishoni mwa mwaka 1894 Fowler na kijana hodari aitwaye Grant Johnson walikwenda Adrian, Michigan, mji uliokuwa na kiwanda cha Page Woven Wire Fence, watengenezaji wa seng'enge. Waliwashawishi wenye fedha kwamba timu ya besiboli ingetangaza bidhaa zao kuliko bango lolote. Kampuni moja ya baiskeli, Monarch, ikaingia pia. Timu ikaitwa Page Fence Giants, na Fowler akawa mchezaji na meneja wake.

Ukiwa meneja wa timu ya Weusi mwaka 1895, swali lako la kwanza litakuwa malazi. Hoteli nyingi hazitakupokea, na mchezaji aliyelala kwenye benchi ya stesheni hapigi mpira kesho yake. Tafuta behewa. Giants walikuwa na behewa lao la treni, lenye vitanda, mpishi na mhudumu, lenye jina la timu ubavuni. Treni ikifika mjini, behewa linaachwa pembeni ya reli, na wachezaji wameshafika kwao. Kwa hesabu moja Fowler alilimaliza tatizo la hoteli, akapata bango la urefu wa behewa zima, na akawapa vijana wake kitu ambacho hata timu nyingi za Wazungu hazikuwa nacho.

Swali la pili ni watazamaji, maana timu ya kuzunguka huishi kwa mapato ya mlangoni. Wapandishe wachezaji baiskeli. Kabla ya mechi Giants walipita katika barabara kuu ya mji wakiwa na sare zao, kila mmoja kwenye Monarch yake. Watoto wakawafuata, na watu wazima wakawafuata watoto. Hii ilikuwa biashara ya watu wazima waliofikiri vizuri, na nakasirika kuona baadhi ya vitabu vya zamani vikiitaja kama kichekesho cha sarakasi. Mwaka huo wa kwanza walishinda mechi 118, wakafungwa 36, na kutoka sare 2. Sol White, aliyecheza nao msimu huo, ndiye aliyekuja kuandika mwaka 1907 kitabu cha kwanza cha historia ya besiboli ya Weusi, na bila kitabu hicho sehemu kubwa ya tunayoyajua ingekuwa imepotea.

Fowler mwenyewe hakukaa. Julai 1895 aliondoka kwenda kucheza katika ligi ya jimbo la Michigan, na huo ndio ukawa msimu wake wa mwisho katika ligi rasmi zilizochanganya rangi. Alikuwa amecheza misimu kumi ndani ya mfumo ambao haukumtaka. Hakuna Mweusi mwingine aliyefikisha misimu mingi hivyo kabla ya Robinson.

Aliendelea kuunda timu. Mwaka 1903 alikuwa na All-American Black Tourists, ambao waliingia mjini wakiwa wamevaa suti rasmi na kofia ndefu, na miavuli ya hariri mikononi. Ukipata nafasi ya kuwapanga watu wako namna hiyo, wapange. Mji uliozoea kumwona mtu Mweusi kama mbeba mizigo unalazimika kusimama na kumtazama akipita na mwavuli wa hariri, na akishafika uwanjani anawafunga.

Uzee, na mambo ya baadaye

Kuhusu uzeeni sina ushauri mzuri wa kukupa, kwa sababu mchezo haukumwekea chochote. Mwaka 1909 afya yake ilikuwa mbaya, na mechi ya kumchangia iliyopangwa haikufanyika. Alifia Frankfort, New York, nyumbani kwa dada yake, tarehe 26 Februari 1913, akiwa na miaka 54, akazikwa bila jiwe la kaburi. Jiwe liliwekwa mwaka 1987, na waliolinunua ni watafiti wa historia ya besiboli. Mwaka 2013 Cooperstown iliipa jina la Fowler Way njia inayoelekea uwanja wa Doubleday.

Desemba 2021 kamati ya watu 16 ilikaa kuamua nani wa zama za mwanzo aingie katika Jumba la Mashujaa. Ilihitajika kura 12. Fowler alipata 12 kamili, na Julai 2022 jina lake likawekwa ukutani, katika mji aliokulia. Kura moja ikipungua, angekuwa bado nje.

Grant Johnson alikuwa kwenye orodha hiyo hiyo. Ni yule aliyekwenda naye Adrian kuomba fedha za seng'enge, mpigaji hatari aliyecheza kwa miaka mingi na timu bora za Weusi za wakati wake, na mara kadhaa kama nahodha. Hakupita. Kwa hiyo hatua inayofuata ya mwongozo huu si ya mchezaji tena, ni ya wasomaji na waandishi: mtafute Johnson katika kitabu cha Sol White, uyajue aliyoyafanya, uwaambie wengine, na orodha itakapofunguliwa tena awepo mtu wa kumtaja.